Tuzo na Sauti: Kutambuliwa kwa Mwigizaji Lupita Nyong'o Kukitazamwa kutoka Mpakani

1. Utangulizi

Makala haya yanakusudia kuchunguza jambo ambalo wahakiki wa Kiswahili wameyaachia magazeti kwa muda mrefu mno, nalo ni tuzo wanazopewa waigizaji wa filamu, hasa waigizaji wa kike. Habari za tuzo hutufikia mithili ya habari za mchezo wa mpira: nani kashinda, nani kashindwa, kavaa nini, kamshukuru nani. Ni nadra kuulizwa swali lililo la msingi zaidi, yaani yule aliyetuza alikuwa amesikia nini hata akatuza.

Dai letu ni kwamba tuzo ni uhakiki. Ni hukumu juu ya kazi ya sanaa, ila ni hukumu isiyotaja sababu zake. Na kwa kuwa uigizaji ni sanaa ya mwili na sauti kwa pamoja, hukumu hiyo haiwezi kukamilika ikiwa mwenye kuhukumu hakuisikia sauti, au aliisikia asiielewe. Tukiishika hoja hii tutaona kwamba Lupita Nyong'o, mwigizaji wa Afrika Mashariki anayejulikana kuliko wote katika mashindano ya filamu ya dunia, ametambuliwa kwa vipande. Huko ng'ambo, baada ya kutuzwa, mara kadhaa ilitumiwa sauti yake na sura yake ikafichwa. Huku kwetu, katika vibanda vya video, sura yake huachwa na sauti ikaondolewa. Kiswahili, ambacho ni mojawapo ya lugha zake, hakikupata nafasi ya kupimwa katika tuzo yoyote kati ya zile zilizomjengea jina.

Tumechagua kulitazama jambo hili kutoka mpakani mwa Kenya na Uganda, yaani Malaba, Busia na masoko ya jirani kama Adungosi. Uchaguzi huu una sababu. Hapa Kiteso husemwa pande zote mbili za mpaka. Lugha za Kiluhya nazo zina ndugu zake ng'ambo. Kiganda huingia na bidhaa kutoka Kampala, na Kiswahili ndicho kinachomwunganisha dereva wa lori wa Mombasa na mwenye duka wa Malaba. Filamu ifikapo hapa huweza kukuta wafasiri wawili, mmoja wa Kiganda na mmoja wa Kiswahili. Aidha, upande wa mashariki kuna Kisumu, kitovu cha nchi ya ukoo wa mwigizaji huyu, na upande wa magharibi kuna Katwe ya Kampala, ambako aliigiza mojawapo ya sehemu zake zilizo bora. Mpaka, basi, hautatumika hapa kama pambo la makala. Ni mahali ambapo suala la lugha ya filamu haliwezi kukwepwa.

2. Neno "tuzo" na desturi ya kutuza

Kabla ya kuzipima tuzo zenyewe, yafaa tulichunguze neno. Tuzo hutokana na kitenzi kutuza, ambacho wasemaji wengi hukitamka kutunza, kwa maana ya kumpa zawadi mchezaji au mwimbaji aliyefurahisha. Katika ngoma na katika taarabu, kutuza ni tendo linalofanyika ndani ya onyesho lenyewe. Msikilizaji huinuka mahali pake, akacheza taratibu hadi mbele ya mwimbaji, akamwekea fedha mkononi au akambandika kwenye paji la uso, kisha akarudi. Hangoji wimbo umalizike, wala haitwi jina na mtu.

Jambo la kuzingatia ni wakati anaouchagua. Mtuzaji huinuka katika ubeti fulani, aghalabu ule wenye fumbo, ambalo yeye amelifahamu na anataka watu wajue kuwa amelifahamu. Pengine fumbo hilo linamgusa jirani yake aliyeketi safu ya tatu. Hivyo tendo la kutuza huwa na sababu yake ndani yake: ubeti uliotuzwa ndio maelezo. Wote waliohudhuria humwona mtuzaji, huujua ubeti, na huweza kumbishia. Kwa lugha ya kitaaluma tungesema kwamba huu ni uhakiki wa papo kwa papo, unaofanywa na hadhira inayoijua lugha ya msanii.

Tuzo za kisasa zimelichukua neno hili na kulihamisha. Mtuzaji sasa ni jopo au chama cha watu wengi wasioonekana. Hutuza miezi kadhaa baada ya kazi kwisha. Na hawatoi sababu. Si kwamba tuzo hizi hazina thamani. Bi Kidude wa Unguja, aliyefariki mwaka 2013, alituzwa kwa namna zote mbili: kwa noti za akina mama waliomwelewa neno kwa neno, na kwa tuzo ya WOMEX mwaka 2005, iliyotolewa Ulaya na watu ambao wengi wao hawakumwelewa hata neno moja. Tuzo ya pili ilimfikisha mbali zaidi. Lakini ile ya kwanza ndiyo iliyoweza kusema ni ubeti gani.

3. Tuzo za Lupita Nyong'o

Lupita Amondi Nyong'o alizaliwa mjini Mexico mwaka 1983, baba yake, Profesa Peter Anyang' Nyong'o, alipokuwa akifundisha huko. Alilelewa Kenya. Akiwa na umri wa miaka 14 aliigiza sehemu ya Juliet jijini Nairobi katika kundi la Phoenix Players, lililojulikana kwa michezo ya Kiingereza. Baadaye aliigiza katika mfululizo wa televisheni Shuga, akatengeneza filamu ya hali halisi iitwayo In My Genes (2009), kuhusu Wakenya wenye ualbino, kisha akasomea uigizaji katika Chuo Kikuu cha Yale, Marekani, na kuhitimu mwaka 2012.

Tarehe 2 Machi 2014 alipewa tuzo ya Oscar ya mwigizaji bora wa kike msaidizi kwa kuigiza sehemu ya Patsey katika filamu 12 Years a Slave, iliyoongozwa na Steve McQueen kutokana na kumbukumbu za Solomon Northup za mwaka 1853. Alikuwa Mkenya wa kwanza kushinda Oscar kwa uigizaji. Kwa sehemu hiyo hiyo alipewa pia tuzo ya chama cha waigizaji wa Marekani na ile ya Independent Spirit. Hata hivyo, majopo ya Golden Globe na BAFTA, yaliyoitazama kazi ile ile katika msimu ule ule, yalimpa tuzo Jennifer Lawrence. Tunautaja ukweli huu kwa sababu unathibitisha dai letu: tuzo si kipimo cha mizani ya sokoni, ni maoni ya wasomaji wa kazi. Wasomaji hutofautiana.

Ni kitu gani kilichosomwa katika Patsey? Wengi walikumbuka mandhari ya mjeledi, ambamo Patsey anapigwa kwa kosa la kwenda kutafuta kipande cha sabuni ili aoge. Mandhari hiyo ni nzito, lakini humo mwigizaji anatendwa kuliko anavyotenda. Kwa maoni yetu ustadi wake unaonekana zaidi mahali pawili pengine. Kwanza, Patsey ameketi majanini akisuka vitoto kwa maganda ya mahindi. Vidole vinakwenda vyenyewe, shingo imetulia, na kwa muda mfupi mtumwa anageuka mtoto anayecheza. Mtazamaji wa Adungosi, aliyekulia penye mashamba ya mahindi, hahitaji kuelezwa kitendo hicho. Pili, ni maneno yake kuhusu sabuni kabla ya kupigwa. Hapo sauti inaanza kwa kujitetea na kuishia kwa kudai haki, na mabadiliko hayo yamo katika kiimbo kabla hayajawa katika maneno. Sehemu hizi mbili, ile ya mikono na ile ya kiimbo, ndizo zinazoonyesha mwili na sauti vikifanya kazi pamoja.

Lakini jopo halikusema ni ubeti gani lililoutuza. Nasi, kwa kukosa uhakiki wetu wenyewe, tulisherehekea jina na bendera tukaiacha kazi. Hapo ndipo tunapoona hasara ya kwanza ya tuzo isiyo na maelezo: hupokelewa kama heshima ya taifa, na sanaa iliyoizaa haijadiliwi.

4. Sauti bila sura

Ingetarajiwa kwamba mwigizaji aliyetuzwa kwa kiwango hicho angepewa mara moja sehemu kubwa za kuonekana. Orodha ya filamu zake inaonyesha hali nyingine. Mwaka 2015 alikuwa Maz Kanata katika Star Wars: The Force Awakens, kiumbe kilichochorwa kwa kompyuta juu ya mienendo na sauti yake. Mwaka 2016 alikuwa sauti ya Raksha, mbwamwitu jike, katika The Jungle Book. Mwaka 2024 alikuwa sauti ya roboti Roz katika The Wild Robot. Kazi hizi si za kudharauliwa, kwani uigizaji wa sauti ni sanaa ngumu. Lakini hatuwezi kupita bila kuona kwamba katika miaka miwili ya kwanza baada ya Oscar, uso uliotuzwa kwa ajili ya mateso ya mtumwa ulipotea nyuma ya wanyama na viumbe vya kubuni. Katika kipindi hicho alionekana mzima zaidi jukwaani, katika mchezo wa Danai Gurira uitwao Eclipsed, unaohusu wanawake katika vita vya Liberia, uliomfanya ateuliwe kuwania tuzo ya Tony mwaka 2016.

Na sauti hiyo ilikuwa sauti gani? Lupita mwenyewe ameeleza hadharani kwamba alipokuwa akisomea uigizaji alijifunza kwa bidii matamshi ya Kimarekani, na kwamba baadaye aliamua kurudia lafudhi yake ya Kikenya anapozungumza kama yeye mwenyewe. Mtaalamu wa lugha hana budi kulipa jambo hili uzito. Lafudhi ni historia ya mtu iliyobaki kinywani. Mwigizaji huyu anasema Kijaluo, Kiswahili, Kiingereza na Kihispania. Lakini soko la filamu lilimtaka kwanza aifiche historia hiyo ili aajirike, kisha, baada ya kutambuliwa, likampa nafasi ya kuirudia katika mahojiano.

Filamu inayolitendea jambo hili haki zaidi, pengine bila kukusudia, ni Us (2019) ya Jordan Peele. Humo Lupita anaigiza nafsi mbili: Adelaide, mama wa familia, na Red, kivuli chake kilichofungiwa chini ya ardhi. Adelaide husema kwa ulaini. Red hutoa sauti iliyokwaruza, kama pumzi inayovutwa kinyume. Mwishoni mtazamaji anatambua kwamba nafasi zilibadilishwa utotoni: aliyeibiwa maisha ndiye mwenye sauti iliyoharibika, na aliyekuja bila lugha ndiye anayesema vizuri. Tofauti baina ya wawili hawa haimo katika mavazi. Imo katika koo, mabega na mwendo. Chama cha wahakiki wa filamu cha New York kilimpa tuzo ya mwigizaji bora wa kike kwa kazi hii mwaka 2019. Oscar hawakumteua hata kuwa miongoni mwa wawaniaji. Hatuoni ajabu kwamba wahakiki, ambao kazi yao ni kutaja sababu, walisikia kile ambacho wapiga kura wa Oscar hawakukisikia.

Kabla ya hapo palikuwa na Queen of Katwe (2016) ya Mira Nair. Filamu hii, inayotokana na maisha ya Phiona Mutesi, msichana mcheza sataranji wa Katwe, ilimpa Lupita sehemu ya Nakku Harriet, mama mjane wa familia inayoishi kwa kuuza mahindi. Mazungumzo ni ya Kiingereza, lakini ni Kiingereza cha Kampala: irabu zinavutwa, na sentensi hushuka mwishoni kwa namna inayotambulika na yeyote aliyewahi kuvuka Malaba. Mwigizaji Mjaluo wa Kenya alijifunza kuwa mama wa Kiganda, na mtu wa mpakani ndiye hakimu bora wa jambo hilo kwa kuwa huzisikia lafudhi zote mbili kila siku. Kwa maoni yetu Harriet wake ana jambo ambalo Patsey hakuruhusiwa kuwa nalo, nalo ni ukaidi unaotokana na heshima. Anakataa msaada kwa mgongo kabla hajaukataa kwa mdomo. Kazi hiyo haikuteuliwa kuwania Oscar. Katika mizani ya majopo ya mbali, tofauti ya Kiingereza cha Kampala na kile cha Nairobi haina uzito.

5. Sura bila sauti

Tuingie sasa kibandani. Neno hili kibanda hutumika pande zote za mpaka kwa ukumbi mdogo wa kuonyeshea video, wenye mabati, mabenchi na kiingilio cha bei nafuu. Desturi ya kufasiri filamu kwa mdomo ilishamiri nchini Uganda, ambako wafasiri hujulikana kama vijei. Tanzania ilipata mabingwa wake, maarufu zaidi akiwa Lufufu. Na Kenya inaye DJ Afro, ambaye Kiswahili chake cha mtaani kimesambaa kwa kanda na diski. Mfasiri huipunguza sauti ya filamu akaweka yake juu yake. Hufasiri, hufupisha, hueleza, hutania, huwapa wahusika majina mapya, na huihamisha hadithi hadi mtaa unaofahamika. Hafichi kuwa yupo. Huyu ni ndugu wa mtambaji wa ngano, na idara zetu zilizojaa wataalamu wa fasihi-simulizi zimechelewa sana kumrekodi.

Lakini sifa hiyo isitufumbe macho. Mfasiri huyu takriban siku zote ni mwanamume, naye husema sehemu zote. Hivyo mwigizaji wa kike aliyetuzwa kwa kiimbo chake hufika kibandani akiwa bubu, na sauti ya mwanamume ikitoka kinywani mwake. Ukimya wake pia hupotea, kwa maana mfasiri hapendi ukimya. Kila nafasi tupu ni yake. Mandhari kama ile ya Patsey na vitoto vya maganda ya mahindi, isiyo na neno hata moja, ikifika kibandani itajazwa maelezo au mzaha. Ustadi unaobaki ni ule wa macho na mwili.

Msamiati wa kibandani nao una la kusema. Mhusika mkuu huitwa stelingi, na kila mtoto anajua kwamba stelingi hafi. Katika matumizi ya kawaida stelingi ni mwanamume. Mwanamke huelezwa kwa uhusiano wake naye: mpenzi wa stelingi, dada wa stelingi, mke wa adui. Neno la kumtaja mwanamke mwenye filamu yake mwenyewe halijakita mizizi. Black Panther (2018), iliyopewa onyesho maalumu Kisumu mnamo Februari mwaka huo, ina wanawake wapiganaji na wanasayansi, na Nakia wa Lupita ni jasusi anayekataa kuwa mpenzi wa mfalme kwanza na mtu baadaye. Ikisimuliwa kwa msamiati uliopo, Nakia hana budi kurudishwa kuwa mpenzi wa stelingi. Hilo si kosa la mfasiri mmoja. Ni pengo katika lugha ya uhakiki tuliyonayo, ya mtaani na ya chuoni pia. Filamu hiyo hiyo inatukumbusha kwamba wahusika wake husema Kixhosa mara kwa mara, na dunia ikavumilia kuisikia lugha ya Kiafrika katika filamu ya fedha nyingi. Kizuizi, basi, hakikuwa masikio ya watazamaji.

6. Tuzo zilizokisikia Kiswahili

Je, zipo tuzo ambazo mwigizaji alizipata kwa kusema Kiswahili? Zipo, ingawa hazikuvuma vivyo hivyo. Mwaka 2019, katika tamasha la FESPACO mjini Ouagadougou, Samantha Mugatsia alipewa tuzo ya mwigizaji bora wa kike kwa sehemu ya Kena katika Rafiki ya Wanuri Kahiu. Lugha ya filamu hiyo ni ile ya mitaa ya Nairobi, Kiswahili na Kiingereza vikipishana. Kena husema kwa namna moja na vijana wa kijiweni, namna nyingine na baba yake anayegombea udiwani, na namna ya tatu na Ziki, msichana anayempenda. Uigizaji wa Mugatsia umejengwa juu ya mapishano hayo: kadiri anavyokaribia kusema lililo moyoni ndivyo sentensi zake zinavyofupika. Jopo la Ouagadougou lilimsoma kupitia tafsiri iliyoandikwa chini ya picha, ambayo huzifanya namna zote tatu kuwa moja.

Watu wa nyumbani, ambao wangeweza kuzitofautisha, walikuwa na kizuizi kingine. Filamu ilipigwa marufuku nchini Kenya mwezi Aprili 2018 kwa sababu ya mapenzi ya wasichana hao wawili. Mwezi Septemba mwaka huo Mahakama Kuu iliruhusu ionyeshwe kwa siku saba, ili itimize sharti la kuweza kupendekezwa Oscar katika fungu la filamu za lugha za kigeni. Kumbi zilijaa. Hatimaye Kenya ilipeleka Supa Modo ya Likarion Wainaina. Msomaji anaweza kuwa na msimamo wowote juu ya maudhui ya Rafiki. Lakini kwa hoja yetu jambo ni moja: siku saba za kusikilizwa nyumbani zilipatikana kwa sharti la tuzo ya ng'ambo.

Sharti la lugha katika fungu hilo linastahili kuangaliwa. Filamu hutakiwa iwe na mazungumzo ambayo kwa sehemu kubwa si ya Kiingereza. Mwaka 2019 Lionheart ya Nigeria, iliyoongozwa na mwigizaji Genevieve Nnaji ambaye pia ndiye mhusika mkuu, iliondolewa kwa kuwa imesema Kiingereza kingi mno na Kiigbo kidogo. Wengi walilalamika, na kwa haki, kwamba Kiingereza ni lugha rasmi iliyoletwa na ukoloni na Mnigeria hakukichagua. Lakini kuna funzo jingine. Mwafrika asemapo Kiingereza huambiwa si mgeni wa kutosha. Asemapo lugha yake husomwa kwa maandishi chini ya picha. Kati ya njia hizi mbili, ya pili angalau huiacha sauti katika hewa, ikasikika na wenye lugha.

Mifano mingine iko karibu zaidi. Mwaka 2016 filamu ya Elizabeth Michael wa Tanzania, Mapenzi ya Mungu, ilipata tuzo ya filamu bora ya Afrika Mashariki katika AMVCA, tuzo zitolewazo Lagos. Mwaka 2020 Catherine Kamau wa Kenya, aliyeanza kujulikana katika Mother-in-Law, alipewa na AMVCA tuzo ya mwigizaji bora wa kike wa vichekesho kwa Sue na Jonnie. Tuzo hii ya mwisho ina uzito wa pekee, kwa kuwa kichekesho ni fani inayotegemea lugha kuliko zote. Kilio hueleweka na asiyejua lugha, ilhali mzaha hudai msikilizaji ajue neno, ajue mtaa lilikotoka, na ajue lilipaswa kutamkwa vipi ili kulipindua. Lakini ni makala ngapi za kitaaluma zimeandikwa kuuchambua ucheshi wa Catherine Kamau? Tuzo ilikuja, magazeti yakapiga picha, na sisi hatukusema ni ubeti gani.

7. Pingamizi

Huenda msomaji akatoa pingamizi mbili. Ya kwanza ni kwamba mwigizaji ni mfanyakazi. Ana haki ya kufanya kazi katika lugha inayomlipa, na si haki kumbebesha mzigo wa Kiswahili. Tunakubali. Makala haya hayamlaumu Lupita Nyong'o. Kitabu chake cha watoto cha mwaka 2019 amekiita kwa neno la Kijaluo, Sulwe, yaani nyota, jambo linaloonyesha kuwa lugha ya nyumbani hakuitupa. Mwezi Februari 2024 aliongoza jopo la majaji wa tamasha la filamu la Berlin, akiwa Mweusi wa kwanza kushika nafasi hiyo. Aliyekuwa akihukumiwa akawa hakimu. Lawama, kama ipo, ni yetu sisi tuliojiita wasomi wa lugha.

Pingamizi ya pili ni kwamba sanaa njema huvuka lugha, na kwamba uso wa Patsey ulieleweka Malaba kama ulivyoeleweka London. Hili nalo lina kweli ndani yake. Vitoto vya maganda ya mahindi havihitaji mfasiri. Lakini anayesema kuwa sanaa huvuka lugha aghalabu ni yule ambaye lugha yake haivukwi. Mwigizaji wa Kiingereza hahukumiwi kwa uso tu. Majopo humsikia pumzi, kigugumizi na lafudhi ya mtaa wake. Tunachodai ni kwamba mwigizaji wa Kiswahili apate usikivu huo huo, na kwamba wa kwanza kumpa usikivu huo tuwe sisi.

8. Hitimisho

Tumeona kwamba desturi yetu ya kutuza ilikuwa na mambo matatu: mtuzaji aliyeijua lugha, wakati maalumu ndani ya onyesho, na sababu iliyo wazi kwa wote. Tuzo kubwa za filamu zimempa Lupita Nyong'o jina linalostahili, lakini hazina hata moja kati ya mambo hayo kwa ukamilifu wake. Kibanda cha mpakani nacho kina hadhira inayoijua lugha na mfasiri aliye hodari, ila kimeinyamazisha sauti ya mwanamke.

Kazi inayotungoja ni ya kawaida kabisa, na haihitaji fedha za mashindano. Katika somo la tamthilia tumezoea kuchambua maandishi ya mwandishi: dhamira, wahusika, mandhari, matumizi ya lugha. Tunapaswa kuongeza uchambuzi wa mwigizaji: kiimbo, pumzi, ukimya, lafudhi, mwendo wa mikono. Wanafunzi wetu watokao Busia, wenye masikio yaliyozoea lugha nne au tano, wapewe zoezi la kurekodi ufasiri wa kibandani na kuulinganisha na sauti ya asili, waonyeshe palipofasiriwa, palipoongezwa na palipofutwa. Watafutwe pia wafasiri wa kike, na palipo na kipaji wafunzwe. Na kila mwigizaji wetu atakapotuzwa, Lagos, Ouagadougou au Los Angeles, jarida la Kiswahili litoe makala inayotaja tendo na neno lililostahili tuzo hiyo, au inayoeleza kwa nini halikustahili. Uhakiki wa namna hiyo utamfaa mwigizaji kuliko pongezi, kwa kuwa utamwonyesha kwamba huku nyumbani wapo waliomsikia.